Je, Tunaishi Ndani ya Ndoto? Kufumbua Nadharia Yenye Nusu ya Ukweli

Kuna nadharia inayosambaa sana siku hizi katika makundi ya WhatsApp na katika video za Kiswahili za usiku wa manane. Maneno yake hubadilika kwa kila msemaji, lakini kiini chake ni hiki: ndoto ni ulimwengu mwingine kamili tunaouingia tukilala, maisha haya tunayoyaita ya kweli nayo ni ndoto, ila ni ndefu zaidi, fahamu ndiyo inayouumba ulimwengu, na atakayeijua siri hiyo ataweza kuugeuza apendavyo. Wengine huongezea fizikia ya kwanta, wengine nyota, wengine aya na hadithi zilizokatwa katikati.

Wapo wanaoisikia, wakacheka na kupita. Mimi sioni cha kucheka, kwa sababu ndani yake mna jambo la kweli, jambo ambalo wanasayansi wa ubongo wamelifikia kwa kazi ya zaidi ya miaka sabini, na ambalo ni la ajabu kuliko chumvi zote zilizotiwa juu yake. Kosa la nadharia hii ni kwamba imesuka pamoja madai matatu yaliyo mbalimbali na kuyafanya yaonekane ni dai moja. Kwanza inasema kwamba kila tunachokiona, tukiwa macho au usingizini, kinatengenezwa na ubongo. Halafu inasema kwamba mtu hawezi kuthibitisha kwa hoja kuwa haoti wakati huu. Kisha inaruka: kwa hiyo, ulimwengu ulio nje yetu haupo. Dai la kwanza ni kweli. La pili lina uzito, na limewasumbua watu wenye akili kubwa kwa karne nyingi. La tatu halitokani na hayo mawili. Ukiyafuata ya kwanza na ya pili hadi mwisho, yanakupeleka upande mwingine kabisa.

Kinachotokea tukiwa tumelala

Hadi katikati ya karne iliyopita, wataalamu wengi walidhani ubongo wa mtu aliyelala umepoa tu. Mwaka 1953, Eugene Aserinsky na mwalimu wake Nathaniel Kleitman, wa Chuo Kikuu cha Chicago, walitangaza walichokiona baada ya kuwapima watu usiku kwa vipimo vilivyobandikwa karibu na macho. Kulikuwa na vipindi ambapo macho yalikwenda mbio chini ya kope zilizofumbwa, na aliyeamshwa katika vipindi hivyo mara nyingi alikuwa na ndoto ya kusimulia. Usingizi huo ukaitwa kwa kifupi REM, kutokana na maneno ya Kiingereza yenye maana ya macho kwenda mbio. Kwa mtu mzima huja takriban kila baada ya dakika 90, mara nne au tano kwa usiku, na kadiri usiku unavyokwenda vipindi vyake hurefuka. Ndiyo maana ndoto nyingi tunazozikumbuka ni za alfajiri. Kwa mtu mzima ni kama robo ya usingizi wote, au pungufu kidogo. Kwa mtoto mchanga, anayelala sehemu kubwa ya siku, ni karibu nusu.

Mjini Lyon, Ufaransa, Michel Jouvet alilichimba zaidi jambo hilo kwa kuchunguza paka. Aliona kwamba katika kipindi hicho mawimbi ya ubongo yanafanana sana na ya mnyama aliye macho, ilhali misuli ya mwili imelegea kabisa. Ubongo uko kazini, mwili umefungwa. Kinachoufunga ni sehemu ndogo iliyo katika shina la ubongo, kule ubongo unakoungana na uti wa mgongo. Jouvet alipoiharibu sehemu hiyo, paka waliinuka wakiwa bado usingizini, wakanyemelea mawindo yasiyokuwepo na kuyarukia. Mwaka 1986, Carlos Schenck na Mark Mahowald wa Minnesota, Marekani, walieleza hali kama hiyo kwa binadamu: watu, wengi wao wanaume wa makamo na wazee, wanaopiga ngumi na mateke wakiwa ndotoni, wakati mwingine wakimuumiza mke waliyelala naye. Ukimwona mzee wako ana tabia hiyo, mpeleke kwa daktari wa mishipa ya fahamu. Inajulikana sasa kwamba wengi wa wagonjwa hao hupata baadaye ugonjwa wa Parkinson au magonjwa ya jamaa yake.

Kuna mabadiliko mengine yanayoeleza kwa nini ndoto huwa kama zilivyo. Kemikali za ubongo zinazotuweka katika hali ya kuchangamka na kumakinika, hasa noradrenalini na serotonini, karibu zinakauka wakati wa REM, huku kemikali nyingine, asetilikolini, ikipanda. Picha za ubongo zilizopigwa miaka ya 1990 zilionyesha kwamba sehemu za kuona na za hisia kali, pamoja na za woga, zinafanya kazi kwa nguvu, lakini sehemu za mbele za ubongo, zile za kupima hoja na kuhakiki mambo, zimetulia. Ndiyo maana unamwona babu yako aliyekwisha kufariki akiendesha bodaboda kwenye sebule ya shule uliyosoma zamani, nawe humuulizi kitu. Unapanda nyuma, mnaondoka. Hisia ni kamili na woga ni kamili, lakini mhakiki hayupo.

Nisiwaache hapa mkidhani kwamba REM na ndoto ni kitu kimoja. Mark Solms, mtaalamu wa ubongo na saikolojia aliyezaliwa Namibia na kufanya kazi miaka mingi Cape Town, alionyesha katika miaka ya 1990 kwamba wapo wagonjwa walioumia sehemu fulani za mbele ya ubongo ambao REM yao inaendelea kama kawaida lakini hawaoti tena. Na watu wengine huota wakiwa nje ya REM. Nitalirudia jambo hili mwishoni, kwa sababu ndilo lililofungua mlango wa kuichunguza fahamu yenyewe.

Na tukiwa macho je?

Hapa ndipo nadharia ile inapogusa ukweli, na wengi hawajui ni ukweli mkubwa kiasi gani. Tumezoea kufikiri kwamba macho ni madirisha na ulimwengu unaingia humo kama ulivyo. Sivyo. Chukua karatasi, chora msalaba upande wa kushoto na nukta upande wa kulia, ziachane kama sentimita nane. Fumba jicho la kushoto, ukazie msalaba kwa jicho la kulia, kisha usogeze karatasi polepole mbele na nyuma, ukianzia umbali wa kama sentimita thelathini. Kuna mahali nukta itatoweka. Hapo imeangukia sehemu ya nyuma ya jicho ambapo mshipa wa kuonea unatokea, na sehemu hiyo haina chembe za kupokea mwanga. Tundu hilo unalo kila siku, katika kila jicho, tangu ulipozaliwa, na hujawahi kuona shimo jeusi katika ulimwengu wako. Ubongo unalijaza kwa kukisia kilichopo.

Au simama mbele ya kioo. Tazama jicho lako la kushoto, kisha la kulia, kisha rudi la kushoto. Hutayaona macho yako yakisogea hata mara moja, ingawa aliyesimama kando yako anayaona wazi. Kila jicho linaporuka kutoka sehemu moja hadi nyingine, ubongo unazuia picha ya mruko huo isikufikie, na wewe unabaki na hisia kwamba uliona mfululizo bila kukatika. Tunaruka hivyo mara kadhaa kwa kila sekunde tukiwa macho.

Mjerumani Hermann von Helmholtz alikwisha kusema katika karne ya 19 kwamba kuona ni kukisia: ubongo unapata dalili chache, nao unahitimisha, bila sisi kujua, ni kitu gani kilichozisababisha. Watafiti wengi wa leo wameliendeleza wazo hilo. Kwa maelezo yao, ubongo haukai ukisubiri taarifa; unabashiri muda wote kitakachofuata, na milango ya fahamu kazi yake kubwa ni kuusahihisha pale ulipokosea. Mwaka 1991 Rodolfo Llinás na Denis Paré walilitamka kwa ujasiri zaidi: kukesha na kuota ni hali moja ya ubongo kwa asili, na tofauti kubwa ni kwamba katika kukesha hali hiyo inabanwa na taarifa zinazotoka katika milango ya fahamu, na katika kuota haibanwi.

Mfikirie nahodha wa jahazi anayesafiri usiku kwa kukadiria: anajua alikotoka, anajua mwendo na upepo, na kichwani ana picha ya mahali alipo. Akiuona mnara wa taa, anairekebisha picha ile. Wingu likitanda, haachi kukadiria. Anaendelea, ila hakuna cha kumrekebisha, na makosa madogo yanarundikana hadi picha yake na bahari vinaachana. Nahodha ni yuleyule na ukadiriaji ni uleule. Kilichobadilika ni mnara kutoonekana.

Ushahidi mzuri wa jambo hili umo majumbani mwetu, na unaeleweka vibaya kwa namna inayoniuma. Mwaka 1760, Charles Bonnet wa Geneva aliandika habari za babu yake, mzee mwenye akili timamu ambaye macho yake yalikuwa yamefifia, na ambaye alikuwa anaona watu, ndege, magari ya farasi na majengo yasiyokuwepo. Mzee alijua havipo. Hali hiyo inaitwa sasa kwa jina la Bonnet, na huwapata watu wasiokuwa na wazimu wowote waliopoteza uwezo wa kuona kwa mtoto wa jicho, kwa presha ya macho au kwa kuharibika sehemu ya nyuma ya jicho. Taarifa kutoka machoni zikipungua, ubongo haunyamazi, unazalisha wenyewe. Bibi anayesema anaona watoto wadogo wamekaa ukutani mara nyingi huambiwa amechanganyikiwa au ana mashetani, naye akishaona anavyotazamwa ananyamaza na kubeba woga wake peke yake. Mwulizeni kwa upole kama anajua kwamba havipo, kisha mpelekeni kliniki ya macho. Wengi hutulia kwa kuelezwa tu kwamba ni macho na si akili.

Fahamu inapoamka ndani ya ndoto

Je, mtu anaweza kujua kwamba anaota wakati bado anaota? Wanafalsafa walibishana sana, na wapo waliosema haiwezekani kwa maana yenyewe ya neno usingizi. Jibu lilikuja kwa njia ya macho. Kumbuka kwamba katika REM misuli imefungwa, ila ya macho na ya kupumua haijafungwa. Mwezi Aprili 1975, katika Chuo Kikuu cha Hull, Uingereza, Keith Hearne alimpima mtu aliyezoea kujitambua ndotoni, wakiwa wamekubaliana kwamba akijitambua ayapeleke macho kushoto na kulia kwa mpangilio maalumu. Vipimo vya ubongo na misuli vikionyesha amelala, mpangilio ule ukatokea. Stephen LaBerge wa Stanford, bila kujua kazi ya Hull, alifikia jambo hilohilo miaka michache baadaye na kulichapisha mwaka 1981. Aliwaomba waotaji wakadirie sekunde kumi ndani ya ndoto kwa kuhesabu, na muda uliopita kitandani ulikaribiana na ule wa kuhesabu mtu akiwa macho. Kwa hiyo lile dai la kwamba mtu huishi miaka mingi ndotoni kwa dakika moja halina mguu wa kusimamia.

Hatua iliyofuata ilichukua miaka arobaini. Mwaka 2021 makundi manne ya watafiti, ya Marekani, Ufaransa, Ujerumani na Uholanzi, yalitangaza kwamba yamezungumza na watu 36 wakati wa usingizi wao, au yamejaribu. Karen Konkoly na Ken Paller wa Northwestern walikuwa miongoni mwao. Aliyelala aliulizwa kwa sauti nane ukitoa sita inabaki ngapi, na macho yake yakaenda kushoto na kulia mara mbili. Si kila jaribio lilifaulu. Katika majaribio 158 ambapo mwotaji alikuwa ameonyesha ishara kwamba amejitambua, majibu sahihi yalikuwa kama asilimia 18, makosa yalikuwa machache mno, na zaidi ya nusu hakukuwa na jibu lolote. Lakini hata jibu moja lingetosha kuonyesha kwamba ukuta kati ya ndoto na ulimwengu una tundu. Baadhi yao, walipoamka, walisema swali lilikuja kama sauti itokayo redioni au mbinguni, ndani ya kisa walichokuwa wakikiota.

Sasa litazame jambo hili kwa makini. Kama ndoto ingekuwa ulimwengu mwingine ambao mwotaji amesafiri kwenda, sauti ya mtafiti aliyekaa kando ya kitanda isingekuwa na njia ya kumfikia huko. Imemfikia kwa sababu hajaenda popote. Sikio lake liko palepale, na ubongo wake, kwa kiasi kidogo, bado unasahihishwa na chumba alimolala. Tangu mwaka 1958 William Dement na Edward Wolpert walikwisha kuonyesha kwamba maji yakinyunyizwa kwenye ngozi ya mtu aliye katika REM, wakati mwingine yanaingia katika ndoto yake kama mvua au bomba linalovuja.

Jinamizi

Mlango wa kutoka usingizini kwenda kwenye kukesha ukikwama katikati, tunapata hali ambayo Waswahili wameijua kabla ya maabara zote: kukabwa na jinamizi. Mtu anaamka, anaona chumba chake, neti yake, dirisha lake, lakini hawezi kuinua hata kidole. Kifua kinakandamizwa. Kuna kitu chumbani, anakihisi kabla ya kukiona. Maelezo yake ya kimwili hayana utata mkubwa: ubongo umeshaamka kwa sehemu, lakini kufungwa kwa misuli kwa REM bado hakujaondoka, na picha za ndoto zinamiminika juu ya chumba halisi. Huja zaidi kwa wanaolala chali, wenye uchovu mkubwa na wanaofanya kazi za zamu. Muhtasari wa tafiti nyingi uliochapishwa mwaka 2011 ulikadiria kwamba kama watu 8 katika kila 100 hupatwa nayo angalau mara moja maishani, na wanafunzi ni wengi zaidi.

Mwaka 1995 Zanzibar ilipitia jambo linaloonyesha kwamba kisa hakiishii kitandani. Habari za Popobawa zilianza Pemba, zikavuka hadi Unguja: kitu kinachowaingilia watu usiku wakiwa wamelala, kinawakandamiza, wanashindwa kujitetea. Familia nzima zilitoka kulala nje, zikikesha pamoja. Mjini Unguja mtu mmoja, aliyekuwa mgonjwa wa akili, aliuawa na umati uliodhani ndiye. Baadhi ya waandishi wa nje walimaliza suala zima kwa kusema ni jinamizi tu. Naona hilo ni jepesi mno. Jinamizi linaeleza kwa nini waliosimulia walisimulia mambo yanayofanana sana, kwa dhati, bila uongo. Halielezi kwa nini mwaka huo, kwa nini visiwa vile, katika mwaka wa uchaguzi wa kwanza wa vyama vingi tangu mapinduzi, ambapo watu walikuwa na mengi ya kuogopa kuhusu jirani zao. Mwili ulitoa mhemko. Jamii ikautia jina, umbo na nguvu ya kuua. Anayesema kwamba ndoto haina uhalisia wowote naye hajaliona jambo lote.

Shaka ya wakubwa

Kuhusu dai la pili, nadharia ya mitandaoni haina haja ya kujidai ni mpya. Abu Hamid al-Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, alieleza jinsi shaka ilivyomkamata: ukiwa usingizini unaamini mambo na kuyaona imara, ukiamka unajua hayakuwa na msingi, basi unajuaje kwamba hakuna hali nyingine ambayo kuikaribia ndiko kutaonyesha kwamba kukesha kwako nako kulikuwa usingizi? Anasema alikaa katika hali hiyo karibu miezi miwili, na hakutoka kwa mpangilio wa hoja, bali kwa nuru ambayo Mungu aliitupa kifuani mwake. Mfaransa René Descartes alilipitia swali lilelile mwaka 1641. Jibu lake, mwishoni mwa tafakuri zake, lilikuwa kwamba kumbukumbu huunganisha matukio ya kukesha na maisha yote yaliyotangulia, lakini haiwezi kuziunganisha ndoto namna hiyo.

Jibu la Descartes si kamili, kwa kuwa mtu anaweza kuota kwamba anaunganisha. Nakubali kwamba hakuna hoja iliyokwisha kulifunga swali hili kwa kufuli. Lakini kutoweza kuthibitisha kwa uhakika wa asilimia mia moja kwamba huoti ni jambo moja, na kuwa na sababu ya kuamini kwamba unaota ni jambo jingine. Siwezi kuthibitisha kwa hoja isiyopingika kwamba ulimwengu haukuumbwa jana jioni ukiwa na kumbukumbu zetu zote ndani yake. Hilo halinipi sababu hata moja ya kudhani kwamba uliumbwa jana jioni.

Pale kamba inapokatika

Dai la tatu linavunjika kwa sababu ya ushahidi uleule linalojivunia. Kama fahamu ndiyo inayouumba ulimwengu, basi waliozaliwa vipofu wangeweza kuota rangi za machweo. Hawaoti. Ndoto zao zimejaa sauti, mguso, harufu, hisia za kusogea. Aliyepoteza macho ukubwani huendelea kuona ndotoni kwa miaka mingi, na aliyeyapoteza kabla ya umri wa kama miaka mitano kwa kawaida haoni. Ndoto inakopa. Mtaji wake wote umetoka nje, kwa miaka ya kuona, kugusa na kusahihishwa. Watafiti wanaosema kwamba kukesha ni aina ya ndoto iliyobanwa wanasema neno zito, *iliyobanwa*, na nadharia ile inalitupa neno hilo. Kitu kinachobana lazima kiwepo.

Kwangu mimi, hiki ndicho kiini cha suala zima. Uhalisia tunautambua kwa jinsi unavyotukatalia. Ndotoni maandishi hubadilika ukiyasoma mara ya pili, mlango hufunguka kwa sababu ulitaka ufunguke, hesabu ya pesa haitulii. Ukiwa macho unarudi kuusoma mkataba na neno ulilolichukia bado lipo palepale. Kaka yako anakuambia jambo ambalo hukulijua na ambalo usingeweza kulitunga. Homa ya malaria haisubiri fahamu yako iikubali. Ulimwengu unatushangaza, na ubongo unaobashiri unajifunza pale tu uliposhangazwa.

Kuhusu kwanta, nitasema machache. Ni kweli kwamba katika fizikia hiyo upimaji hubadilisha hali ya chembe ndogo mno. Lakini kinachopima ni kifaa, na matokeo ni yaleyale hata kama maabara haina mtu. Hakuna mlingano wa kwanta unaoihitaji akili ya mwanadamu ili mawe yawepo.

Ndoto zinazotimia zinahitaji heshima zaidi, kwa sababu wengi wetu tuna kisa kama hicho katika ukoo. Tuhesabu kidogo. Sensa ya 2022 iliwahesabu watu wapatao milioni 61.7 Tanzania. Tuseme kila mmoja anakumbuka ndoto moja tu kwa wiki. Hizo ni ndoto bilioni 3.2 kwa mwaka. Ikiwa ndoto moja tu kati ya kila milioni moja italingana kwa bahati na tukio la siku inayofuata, nchi itakuwa na visa zaidi ya 3,000 kila mwaka, vyote vya kweli, vyote vya kusisimua, na vyote vitasimuliwa. Zile ndoto nyingine hakuna anayezihesabu. Sisemi kwamba hesabu hii inaondoa ufunuo. Hilo ni suala la imani, na kipimo cha ubongo hakina la kusema juu yake. Lakini hata mapokeo ya dini hayakuwahi kuzipokea ndoto zote kwa pamoja. Hadithi ya Mtume inazigawa sehemu tatu: bishara kutoka kwa Mwenyezi Mungu, huzuni kutoka kwa shetani, na mazungumzo ya nafsi yenyewe. Wakubwa wa mfalme katika kisa cha Nabii Yusuf nao walikuwa na neno la ndoto zilizovurugika, ingawa safari ile walilitumia mahali pasipo pake.

Sababu ya kulifuatilia jambo hili kwa urefu huu ni kwamba linawaumiza watu. Ipo hali ambapo mtu aliye macho huanza kuuona ulimwengu kama uko nyuma ya kioo, kana kwamba yumo ndotoni, watu wakionekana kama vivuli. Huletwa na hofu kubwa, kukosa usingizi, bangi, wakati mwingine kifafa. Inatisha, lakini inatibika. Kijana aliye katika hali hiyo akikutana na video inayomwambia kwamba hatimaye ameamka na wengine wote wamelala, atakaa mbali na tiba wakati ule ambao tiba ingemfaa zaidi. Aliye na maradhi ya akili na anatumia dawa yuko katika hatari kubwa zaidi. Hata mazoezi ya kujitambua ndotoni, ambayo kwa wengi hayana madhara, mengi yake hutaka mtu aamke usiku wa manane kila mara, na usingizi uliokatwakatwa unadaiwa mchana.

Siri iliyobaki

Siri ipo, na si ndogo. Mwaka 1995 mwanafalsafa David Chalmers aliiita tatizo gumu: hata tukieleza kila chembe ya ubongo inavyofanya kazi, bado tutauliza kwa nini kazi hiyo inaambatana na hisia, kwa nini kuna mtu ndani anayeona wekundu na kusikia maumivu. Nadharia ile ya mitandaoni inaruka juu ya swali hilo kwa kuifanya fahamu kuwa chanzo cha kila kitu, na hivyo haielezi chochote. Wanaolikabili kwa subira wamegundua kwamba ndoto ni chombo bora cha kulichunguzia.

Ugumu wa kuichunguza fahamu ni kupata hali mbili zinazofanana kwa kila kitu isipokuwa uwepo wake. Usingizi unatoa hali hizo. Francesca Siclari, Giulio Tononi na wenzao, kati ya Wisconsin na Lausanne, walichapisha mwaka 2017 kazi ambamo watu waliovalishwa kofia yenye vipimo 256 waliamshwa tena na tena usiku kucha na kuulizwa swali moja: kabla hujaamshwa, kulikuwa na chochote akilini? Mtu yuleyule, katika kiwango kilekile cha usingizi, mara nyingine alikuwa na ndoto na mara nyingine hakuwa na kitu kabisa. Walipolinganisha, tofauti ilitokea mahali pamoja, katika REM na nje yake: eneo la nyuma ya ubongo, ambapo mawimbi ya polepole yalipungua kila ndoto ilipokuwepo. Aliyeota uso wa mtu alionyesha kazi katika sehemu ileile inayotambua nyuso mchana. Kisha wakajaribu kubashiri kwa kutazama eneo hilo peke yake kama aliyelala anaota au la, kabla ya kumwamsha na kumuuliza, na wakapatia takriban mara 87 kati ya 100. Mabishano yanayoendelea sasa ni kama eneo hilo la nyuma linatosha peke yake kuzaa fahamu, au kama sehemu za mbele za ubongo nazo zina mkono.